Kwanza Mkia, Kisha Zimwi

Desemba Tunduma ni mwezi wa tope na nguo mpya. Mvua zimekolea, malori yamepanga foleni kuelekea Nakonde, na katikati ya malori hayo akina mama wanapita wamewashika watoto mikono, wanakwenda kusaka gauni la sikukuu, shati la kola, viatu vya taa kisiginoni. Shule zimefungwa. Jioni inaingia mapema kwa sababu ya mawingu, na umeme ukikatika, mtoto aliyeruka mchana kutwa anasogea karibu na bibi yake bila kuitwa.

Krismasi moja nililala kwenye nyumba ya namna hiyo upande wa Mbozi, penye mashamba ya kahawa. Bibi mwenye nyumba alikuwa na wajukuu watano waliokuja likizo kutoka Tunduma, na alikuwa na kitabu kimoja chembamba kilichokwisha kupoteza jalada. Ndani yake mlikuwa na kisa cha nunda mla watu. Akavaa miwani, akasogeza taa ya sola, akaanza kusoma. Nilidhani nitasikiliza kwa adabu mpaka usingizi unichukue. Usingizi haukuja.

Kisa chenyewe ni cha zamani. Edward Steere, mmisionari Mwingereza ambaye baadaye alikuwa askofu Zanzibar, alikichapisha mwaka 1870 katika mkusanyo wa hadithi alizosimuliwa na watu wa Unguja. Mwaka 1901 Andrew Lang akakitia katika kitabu chake cha ngano za watoto kule Uingereza. Sultani Majnuni ana paka. Paka anaanza kula mifugo. Watu wanamwendea Sultani kushtaki, naye anawajibu kwamba paka ni wake na mifugo ni yake, waache. Kesho yake mnyama aliyeliwa ni mkubwa zaidi, na jibu ni lile lile. Mwisho paka anakula watu, anakula hata watoto wa Sultani, na hapo ndipo mzee anapotambua kwamba huyo si paka tena, ni nunda. Mwana wa mwisho anaondoka kwenda kumtafuta. Anaua mbwa, anamburura hadi nyumbani kwa shangwe. Mama yake anamwambia siye. Anarudi porini, analeta mnyama mwingine, mkubwa kuliko yule. Siye. Analeta twiga, analeta kifaru, analeta tembo. Siye, mwanangu, siye.

Nimekifikiria kisa hiki miaka mingi tangu usiku ule, na kila ninapokirudia namheshimu zaidi mtu yule asiyejulikana jina aliyekipanga hivyo. Wengi wetu tunaamini kwamba katika hadithi ya kutisha, kichekesho huwekwa kama maji ya kupoza uji: mtoto ameogopa mno, basi tumchekeshe kidogo apumue. Kisa cha nunda hakifanyi hivyo hata kidogo. Humo kicheko ndicho kinachoibeba hofu na kuiingiza ndani. Watoto wanacheka kijana alipomdhania mbwa kuwa nunda. Wanacheka zaidi alipoleta twiga. Lakini alipofika kwenye tembo, na mama akasema siye, niliona nyuso tano zikibadilika kwa pamoja. Maana kama tembo siye, nunda ni mkubwa kiasi gani? Hesabu hiyo hakuna aliyewafanyia. Waliipiga wenyewe, na walikuwa wakiipiga huku wanacheka.

Bibi alijua. Alikuwa amewapa wajukuu kazi ya mama wa kijana, wamjibu wote kwa sauti moja, "Siye!" Mara za kwanza walipiga kelele mpaka mbwa wa jirani wakabweka. Kwenye tembo jibu lilitoka kwa sauti ya chini. Mdogo kuliko wote, mvulana wa miaka kama mitano, akaweka kiganja juu ya ukurasa usifunguliwe.

"Bibi, ngoja kwanza."

"Nimengoja, mume wangu. Sema ukiwa tayari."

Akangoja kweli. Hakumcheka, hakumharakisha, wala hakumwambia kwamba ni hadithi tu. Mvua ilikuwa ikipiga bati. Mtoto akavuta pumzi, akatoa kiganja, akafungua mwenyewe.

Ukurasa ule una elimu yake. Karatasi kubwa ya kiwandani ikikunjwa hutoa kurasa 8 au 16, na kijitabu cha mtoto hubanwa pini mbili mgongoni, basi. Mtunzi hana nafasi ya kutangatanga. Ana mafunuo machache ya kurasa, na kila ufunuo ni mlango. Mtunzi hodari huacha swali kwenye ukurasa wa kulia, chini kabisa, pale kidole cha mtoto kinaposhika kona, na jibu analiweka nyuma yake, upande wa kushoto, macho yalipate mara karatasi inapopinduka. Akiweka swali na jibu kwenye kurasa zinazotazamana, jicho la mtoto litakwisha kuruka kwenye picha kabla bibi hajamaliza sentensi, na zimwi litakuwa limekufa kabla ya kuzaliwa. Nimeona vitabu vizuri vya Kiswahili vilivyoharibika kwa sababu hiyo moja: maneno yalikuwa sawa, picha sawa, ila mpangaji wa kurasa alizipanga kama anayepanga matofali.

Mchoraji naye anapaswa kujua kuficha. Zimwi zima, lenye meno na makucha yake yote, likichorwa ukurasa wa pili, mtoto humaliza kulitazama kwa dakika moja na kulizoea. Kwanza mkia. Kisha kivuli ukutani. Kisha jicho moja kwenye ufa wa mlango. Kuhusu vichekesho vya picha, namtazama mchoraji John Kilaka, aliyezaliwa mwaka 1966 Sumbawanga, mji unaofikiwa kwa barabara iendayo Rukwa kutoka hapa Tunduma. Kitabu chake cha kwanza, kisa cha samaki wabichi, kilitoka mwaka 2001, na amezunguka vijijini kukusanya ngano kwa wasimulizi. Wanyama wake, kwa rangi kali za mtindo wa uchoraji wa Tingatinga, huvaa nguo za watu. Mnyama mwenye meno ukimvika shati, anatisha na kuchekesha kwa mstari mmoja wa brashi, na mtoto hapati nafasi ya kuamua aanze na kipi.

Lakini kitu ninachokipenda kuliko vyote ni kile ambacho Kiswahili kimempa mtunzi bure. Paka ni paka. Mwite jipaka, na sentensi nzima inavimba: jipaka lile likaja, likanguruma, likakaa mlangoni. Ile "li" inayorudi rudi ni nyayo, mtoto anazisikia zikikaribia. Sasa mwite kipaka: kipaka kile kikaja, kikalia, kikakaa mlangoni. Hakuna aliyegusa kisa, lakini zimwi limenywea mpaka linaingia mfukoni. Nilimsikia bibi akifanya hivyo kwa makusudi nunda alipokwisha kuuawa. Kwenye kitabu haimo, aliongeza yeye mwenyewe. "Li" zote zikageuka "ki", na wajukuu wakagaagaa kwenye mkeka kwa kicheko. Kuna mtoto wa miaka mitano anayeweza kufundishwa ngeli vizuri zaidi ya hapo? Ukiongeza tanakali zetu za sauti, giza totoro, kimya jii, mzigo ukaanguka puu, mtunzi wa Kiswahili anakaa mezani akiwa na ngoma yake tayari.

Kule wanakosherehekea Krismasi gizani na kwenye theluji, kazi hii imefanywa kwa bidii. Charles Dickens alitoa kisa chake cha bahili na mizuka ya Krismasi mwezi Desemba 1843, na mahali ninapopapenda ni pale mzuka wa kwanza unapoingia na mzee anaubishia usoni, kwamba huenda ni kipande tu cha nyama ambacho tumbo lake halijakisaga. Watu wa Iceland wana jipaka la Krismasi, ambalo mshairi Jóhannes úr Kötlum alilitungia shairi katika kitabu cha watoto cha mwaka 1932. Paka huyo hula kila asiyepata nguo mpya kabla ya sikukuu. Nilipowaeleza wajukuu wale habari hiyo, asubuhi yake, walinyamaza. Kisha msichana mkubwa akauliza kama soksi zinahesabiwa.

Soksi zinahesabiwa, nilimwambia. Nikaona mabega yakishuka.

Swali lile limenifanya niamini kwamba kitabu cha namna hii kinaweza kutungwa hapa mkoani Songwe, kuhusu Songwe, na mtoto wa Songwe akakiogopa na kukicheka kama mali yake. Mradi wa Vitabu vya Watoto Tanzania, ulioanzishwa mwaka 1991, ulionyesha kwamba watunzi na wachoraji wetu wakipewa mafunzo na soko la shule, vitabu vinatoka. Vingi kati ya vitabu tulivyo navyo vina adabu sana, hata mno. Zimwi linatokea ukurasa wa tano, na ukurasa wa sita tunaambiwa ilikuwa ndoto. Mtoto aliyejikaza kukabiliana na zimwi akiambiwa hapakuwa na zimwi, amenyang'anywa ushujaa wake. Afadhali lipigwe, linywee, litoroke kupitia dirishani likiacha shati.

Na malighafi iko tele. Tuna mpaka ambapo malori hulala, madereva wa nchi nyingi ndani yake, na hakuna ajuaye kila turubai limefunika nini. Tuna reli ya TAZARA na honi yake ya usiku. Tuna Kimondo cha Mbozi, chuma cha tani nyingi kilichoanguka kutoka angani, kirefu kama mita 3, kimelala pale kama kitu kilichosahauliwa na mwenyewe.

Mchana wa siku ile ya swali la soksi, mvua ilipopumzika, tulikaa barazani tukimenya viazi vya chakula cha sikukuu. Yule msichana mkubwa akasema naye ana hadithi. Hadithi njoo, wakaitikia wadogo zake. Akaanza na usiku wa kuamkia Krismasi, mvua kubwa, maji yakiuchimba udongo chini ya kimondo. Asubuhi mlinzi anakwenda kutazama, anakuta kitu kama kamba kimechomoza pale chini, kinene, chenye manyoya, kimelowa.

"Akakivuta," akasema.

Akaweka kiazi chini. Akatutazama mmoja mmoja, polepole, na bibi yake akaacha kumenya.