Sinema Bubu na Sauti ya Kuazima

Husemwa kwamba sinema ya kale ilikuwa bubu. Kauli hiyo ina upungufu: picha ndizo zilizokuwa bubu, si ukumbi. Mwaka 1908 Camille Saint-Saëns aliitungia muziki wake maalumu filamu ya Kifaransa juu ya kuuawa kwa Mtawala wa Guise. Huko Japani, msimulizi aliyeitwa benshi alikaa kando ya pazia akiwasemea wahusika wote.

Katika Afrika ya Mashariki jaribio mashuhuri lilifanyika Vugiri, katika milima ya Usambara, kati ya 1935 na 1937. Mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, ukiongozwa na Meja L. A. Notcutt, ulipiga picha bubu, kisha ukazitilia sauti kwa sahani za santuri. Kwa hiyo picha ile ile iliweza kusema Kiswahili pahali pamoja na lugha nyingine kwingineko, kwa kubadili sahani tu. Maonyesho yake yalifika hadi Uganda.

Ufundi huo tunausifu. Hata hivyo, ila yake kubwa ni kwamba sahani haisikii. Utepe wa picha ukikatika na kuungwa, sauti na picha huachana; mtazamaji akiuliza swali, sahani huendelea kusema. Tena maneno yalikuwa ya wakubwa: filamu juu ya benki ya akiba ya posta ilimwelekeza mtazamaji la kufanya, wala haikumngoja ajibu.

Kinyume chake ni wafasiri wa sinema wa Uganda, waitwao VJ. Hao husimulia filamu za kigeni kwa Kiganda, wakatia mzaha, mithali na mambo ya mtaani. Uhodari wa benshi umezaliwa upya kwao. Na watazamaji huwafuata wao kama wanavyomfuata mchezaji.

Mafunzo haya yanatuhusu sisi walimu huku Oruchinga na Nakivale, ambako Wakongomani, Warundi na Wanyarwanda hukutana katika Kiswahili. Wanafunzi wetu wengi wamezoea kuelezwa habari zao kwa vinywa vya wengine. Yafaa basi tuwaonyeshe filamu fupi, tuzime sauti, nao watunge maneno, wachague ngoma na wimbo wa kuifaa. Watakosea ngeli, nasi tutasahihisha. Lakini sauti itakuwa yao. Wahenga walisema cha kuazima hakisitiri.