Kinjeketile na Kitunda: Viongozi Wawili, Vita Moja

Tamthilia ya Ebrahim Hussein, Kinjeketile (1969), husomwa mara nyingi kama kisa cha shujaa mmoja. Sisi tunaona kwamba mna viongozi wawili wa vita ndani yake, na kwamba mvutano wao ndio unaoibeba kazi nzima.

Kinjeketile anaongoza kwa neno. Makabila yaliyokuwa hayaelewani anayaunganisha kwa maji yanayosemekana kuzuia risasi za Wajerumani. Lakini neno likishatoka halimtii tena aliyelitoa. Anapoingiwa na shaka na kuwataka watu wangoje, wapiganaji hawana subira.

Kitunda, aliyekabidhiwa jeshi, anaongoza kwa hesabu. Anataka mazoezi na tahadhari, wala hayategemei maji. Baadhi ya wanafunzi wetu humwita mwoga. Hatukubaliani nao. Kamanda anayejiuliza ni wangapi watakaorudi anatimiza wajibu wake. Udhaifu wake ni kwamba hana neno la kuwapa watu badala ya maji.

Suala hili lilitujia upya tulipoijadili tamthilia hii na wasomaji wa kambi ya Dzaleka, wilayani Dowa, si mbali na Lilongwe. Wengi wao wametoka mashariki ya Kongo, ambako wapiganaji wa Mai-Mai walipata jina lao kutokana na maji ya dawa. Kwao maji hayo si ishara ya kifasihi tu. Mzee mmoja alisema kwamba ujanani angemfuata Kinjeketile, ila mwanawe angemkabidhi kwa Kitunda.

Kauli hiyo inatusaidia kuuelewa mwisho wa tamthilia. Katika historia, Kinjeketile Ngwale alinyongwa Agosti 1905, Vita vya Maji Maji vikiwa ndiyo kwanza vimeanza. Mtunzi anamwacha hai hadi baada ya kushindwa, ili akabiliane na Kitunda, anayemsihi akiri kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa, kwa ajili ya vizazi vijavyo. Wahakiki wengi husifu uamuzi huo. Sisi tunauheshimu, lakini tunakumbuka kwamba vita hivyo vilipokwisha mwaka 1907, waliokufa kwa njaa walikuwa wengi kuliko waliouawa kwa risasi.

Tunawashauri wanafunzi wairudie tamthilia hii wakimfuata Kitunda tangu mwanzo. Neno la Kinjeketile liliwakusanya watu. Aliyebaki kuwahesabu maiti ni Kitunda.