Mwenye Vitabu na Mtunza Vitabu

Wahenga walisema: Mali bila daftari hupotea bila habari. Wapenzi wasomaji, tuitazame maana ya neno hili katika habari ya mwalimu mmoja wa Yerusalemu, na ya nyumba iliyopewa jina lake.

Khalil Sakakini alizaliwa Yerusalemu mwaka 1878, katika jamaa ya Wakristo Waortodoksi. Mwaka 1909 alianzisha shule ambamo watoto wa dini mbalimbali walisoma pamoja, na fimbo ilikatazwa humo. Alitunga vitabu vya kufundisha watoto kusoma Kiarabu. Tena, kwa miaka mingi, aliandika katika daftari zake mambo aliyoyaona na kuyawaza.

Mwaka 1948 vita vilifika mtaani kwake, Qatamon. Tarehe 30 Aprili alikimbia pamoja na jamaa yake. Vitabu vyake alivyovipenda vilibaki nyumbani. Hakurudi tena, alikufa Cairo mwaka 1953. Katika siku zile, watu wa maktaba kubwa ya Yerusalemu, pamoja na askari, walikusanya vitabu kama 30,000 kutoka nyumba za Waarabu waliokimbia mitaa ya magharibi. Mwaka 1967 binti zake Sakakini waliingia katika maktaba hiyo. Kumbe, vitabu vya baba yao vilikuwa humo, na mwandiko wake umo pembeni mwa kurasa! Vitabu karibu 6,000 vya namna hiyo vilitiwa alama, maana yake: mali iliyoachwa.

Wengine husema: Afadhali vilichukuliwa, maana mvua na wezi wangaliviharibu. Neno hili lina kweli ndani yake, tusilidharau. Lakini jirani akizima moto nyumbani kwako na kuvitoa vyombo vyako nje, utamshukuru. Je, kwa shukrani hiyo vyombo vimekuwa vyake? Kutunza ni kazi njema, lakini hakumfanyi mtunzaji kuwa mwenye mali. Na neno “iliyoachwa” halisemi sawa. Mtu aliyefunga mlango wake akikimbia risasi hakuacha. Alinyang’anywa nafasi ya kurudi.

Basi, jamaa za watu hao wafanye nini? Mwaka 1996 kituo cha Khalil Sakakini kilianza kazi Ramallah, kaskazini mwa Yerusalemu, katika nyumba ya mawe ya zamani. Watu hukutana humo kusikiliza mashairi na kutazama picha. Mahmoud Darwish, mshairi mkubwa wa Wapalestina aliyekufa mwaka 2008, alikuwa na ofisi yake humo, akatengeneza gazeti lake, Al-Karmel. Mwezi wa Aprili 2002 askari wa Israeli waliingia kwa nguvu, wakaharibu vitu vingi. Lakini kazi ilisimamishwa tena.

Katika kazi zake zote, mimi naona moja inazidi nyingine: kituo hicho, pamoja na taasisi nyingine ya wataalamu, kilitoa daftari za Sakakini katika vitabu 8, tangu mwaka 2003 hata 2010. Zamani, mwaka 1955, binti yake alikuwa ametoa kitabu kimoja tu, chenye sehemu alizozichagua. Kitabu hicho ni chepesi kusomeka. Lakini mtoto anapochagua maneno ya baba yake, huchagua kwa heshima. Katika vile 8 tunamwona mtu mzima: anafundisha, anagombana na wakubwa wa Kanisa lake, anachoka, anamlilia mkewe.

Tutoe mfano. Mwishoni mwa mwaka 1917, Waturuki walipokuwa karibu kuuacha mji, Myahudi mmoja, Alter Levine, mwenye uraia wa Marekani, alibisha hodi kwake usiku akiomba kufichwa. Marekani ilikuwa upande wa adui, na kumficha mtu wa namna hiyo kulikuwa hatari kubwa. Sakakini alipima katika daftari yake: kumpokea ni hatari, kumfukuza ni aibu. Alimpokea. Wote wawili walikamatwa na kupelekwa Dameski. Ukurasa huo una thamani kuliko hotuba nyingi juu ya ugeni, maana mwandishi hajifanyi shujaa. Anatuonyesha hofu yake.

Hata hivyo nina neno la kulaumu. Vitabu 8 vinene ni chakula cha wataalamu. Mkulima wa Palestina atavipata wapi, na atavisoma lini? Mwalimu aliyewatungia watoto vitabu vyepesi angestahili kitabu kidogo tena, kilichochaguliwa bila woga kutoka katika vyote, na cha bei ndogo. Urithi usiosomwa na watu wake umehama kabati tu.

Tena, wingi wa nakala ni ulinzi. Mwezi wa Novemba 2023 maktaba ya mji wa Gaza ilibomolewa katika vita. Kilichokuwa humo peke yake kimepotea. Kilichokuwa pia mikononi mwa wasomaji wengi, chaishi. Nyumba hubomolewa, na makabati hubebwa. Daftari za Sakakini zilizopigwa chapa haziwezi kubebwa zote kwa gari moja. Ndiyo sifa kubwa ya kazi ya Ramallah. Vile vitabu vya Qatamon vingali vinamngoja mwenyewe, na jina lake limo ndani.