Kijiti cha Qori Ismaris: Suala la Mchumba-Mnyama katika Ngano za Wasomali

Ngano ya msichana aliyewakataa wachumba wote, kisha akaolewa na mnyama au zimwi, imeenea mno Afrika Mashariki, na wahakiki wetu wameizoea kupita kiasi. Husemwa kwamba inawaonya wasichana dhidi ya kiburi. Tafsiri hii haina budi kutiliwa shaka, hasa tuvukapo mto Tana pale Garissa na kuingia katika masimulizi ya Wasomali.

Tuchukue kwanza irimu la Wakikuyu: kijana wa kupendeza, mcheza ngoma hodari, ambaye chini ya nywele zake ana kinywa cha pili kisogoni. Dalili imo mwilini. Kwa hiyo fanani aweza kumlaumu msichana: mbona hukutazama? Ngũgĩ wa Thiong'o aliitumia lawama iyo hiyo katika Caitaani Mũtharaba-inĩ (1980), ambamo Nyanjirũ Kanyarari anawakataa vijana wa nchi yake, anampenda mgeni, na mgeni anamla kiungo baada ya kiungo. Zimwi limekuwa beberu. Msichana bado ndiye mkosa.

Qori ismaris si wa aina hiyo. Jina lenyewe lamaanisha ajisuguaye kwa kijiti. Giza liingiapo, mtu huyu hujisugua kwa kijiti cha ajabu akawa fisi. Kabla ya alfajiri hukirudia kitendo hicho akawa mtu tena. Mchana mwili wake hausemi lolote. Kwa mfugaji wa Garissa au Wajir, fisi ni adui azuiliwaye nje kwa ua wa miiba. Adui huyu amelala ndani ya ua. Lawama ya kutotazama haina pa kushika. Tena tukumbuke (na wahakiki wa mjini hulisahau jambo hili) kuwa aqal, nyumba ya fito na mikeka ipakiwayo juu ya ngamia wakati wa kuhama, hujengwa na mwanamke na ni mali yake. Mtu kama huyu akioa, huingia katika kazi ya mikono ya mkewe. Kosa la mke li wapi?

Nuruddin Farah aliigeuza motifu hii katika riwaya yake ya Kiingereza, Secrets (1998), iliyowekwa katika siku ambazo dola la Somalia lilikaribia kusambaratika. Mwenye kubadili umbo ni mwanamke, Sholoongo, asemekanaye kulelewa na simba jike. Amerudi kutoka Marekani akitaka kuzaa na Kalaman, mpenzi wake wa utotoni. Kwa maoni yangu, vioja vya wanyama vimezidi mahitaji ya riwaya. Hata hivyo, siri kuu ifichukapo, haina mnyama ndani yake: Kalaman alitungwa mimba mama yake alipobakwa na kundi la wanaume, nao walikuwa binadamu mchana na usiku.