Aliyejenga na Aliyejengesha: Makanisa ya Uluguru na Majina ya Wajenzi

Mwenye kufika Morogoro kwa mara ya kwanza, hasa akiwa ametoka visiwani kwetu ambako kilima kirefu hupandwa bila ya kutweta, hutazama milima kwanza. Uluguru imesimama nyuma ya mji, na wingu halimbanduki kileleni. Makanisa huyaona baadaye. Mimi niliyaona baadaye zaidi, kwani nilikuwa nimeshayafasiri kabla ya kuyatia machoni.

Nieleze. Miaka kadhaa iliyopita niliajiriwa kufasiri kijitabu cha Kiingereza juu ya makanisa ya kale ya Morogoro na vijiji vya milimani. Ilikuwa kazi ya malipo na haraka. Karibu kila ukurasa ulikuwa na sentensi ya aina moja: kanisa fulani lilijengwa na Padre fulani, mwaka fulani. Nikafasiri kama nilivyoona: alijenga, alijenga, alijenga. Hakuna aliyelalamika. Ilinipitia kabisa kwamba Kiingereza hapo kina kitenzi kimoja ambapo Kiswahili kina viwili. Sisi tuna kujenga, na tuna kujengesha. Silabi moja tu ya unyambuzi, lakini ndani yake mnakaa umati wa watu.

Yamkini msomaji atasema haya ni mambo ya sarufi, hayahusiani na uhakiki wa majengo. Naomba anivumilie. Jengo husomwa kama shairi linavyosomwa, na swali la nani mtunzi haliepukiki katika vyote viwili.

Tuanzie nyumbani. Kanisa Kuu la Mkunazini, lililowekewa jiwe la msingi Krismasi ya mwaka 1873 mahali palipokuwa soko la watumwa, tunaliita kanisa la Askofu Steere. Edward Steere hakuwa msanifu majengo, alisomea sheria. Sisi wafasiri tuna deni kwake, kwani ndiye aliyekusanya hadithi za Unguja na kuandika mwongozo wa lugha yetu mwaka 1870. Paa la kanisa lile, kuba refu la mawe ya matumbawe na saruji, huhesabiwa kuwa wazo lake, na kwa hakika ni wazo la kijasiri. Alifariki mwaka 1882 akazikwa humohumo, nyuma ya madhabahu. Lakini sikiliza watembezaji wa wageni wanavyosimulia. Watakuonyesha nguzo zilizosimamishwa kichwa chini miguu juu, na watakwambia kuwa Askofu alikuwa safarini na mafundi hawakujua. Wageni hucheka. Hicho ndicho kisa cha pekee ambamo mafundi wa kanisa lile wametajwa. Wameingia katika historia kwa kosa lao. Kuba ambalo halijaanguka mpaka leo ni la Steere, nguzo zilizopinduka ni zao.

Na lile la Mtakatifu Yosefu, la minara miwili inayoonekana na kila nahodha anayeingia bandarini? Hilo ni la miaka ya 1890, kazi ya mapadre Wafaransa. Baadhi ya vitabu vya watalii huandika kwamba mchoraji wake ndiye yuleyule aliyebuni Notre-Dame de la Garde ya Marseille. Laiti wangeangalia kalenda! Mbunifu wa kanisa lile la Marseille ni Henri-Jacques Espérandieu, naye alifariki mwaka 1874. Ndiyo kusema kiu ya kupata jina la mbunifu ni kubwa kiasi hiki: jina likikosekana huazimwa, hata kama ni la maiti, almuradi liwe la Ulaya.

Sasa tupande bara, kwa njia ileile waliyopitia wajenzi. Shirika la Roho Mtakatifu lilifika Unguja, na kuanzia mwaka 1863 Padre Antoine Horner na wenzake waliendesha hapa karakana za useremala na uhunzi, wakiwafundisha watoto waliokombolewa utumwani. Mwaka 1868 walivuka kwenda Bagamoyo. Kutoka Bagamoyo walituma familia za vijana hao kuanzisha vijiji vya Kikristo bara: Mhonda mwaka 1877, Morogoro mwaka 1882, na baadaye Matombo, upande wa mashariki wa Uluguru, mwaka 1897. Msomaji wa Unguja atambue maana yake. Mikono iliyoshika randa na mwiko chini ya milima ile ilikuwa na jamaa katika ufundi hapa kwetu, katika vichochoro vya Mji Mkongwe.

Wala si hao waliokuwa wa kwanza. Stanley alipopita mwaka 1871 alikuta hapo mji wa Simbamwene, ulioasisiwa na Kisabengo, wenye ukuta wa mawe na minara pembeni, na milango ya mbao ngumu iliyotiwa nakshi. Alihisi kuwa milango ile ilichongwa Unguja au mrima, ikachukuliwa ubao kwa ubao hadi huko. Mwaka uliofuata mafuriko yalibomoa sehemu ya ukuta. Mapadre walipokuja, basi, hawakuwakuta watu wasiojua jiwe juu ya jiwe.

Walichokosa wajenzi wa milimani ni vifaa vyetu. Huku pwani fundi ana tumbawe, ana chokaa, ana boriti za mikoko ambazo urefu wake ndio unaoamua upana wa chumba. Kule hakuna hata kimoja. Kuna udongo mwekundu, mawe ya mtoni, na kuni za tanuri. Kabla ya reli kufika Morogoro mwaka 1907, chochote cha chuma, kuanzia bawaba hadi kengele, kilipanda kwa vichwa na mabega ya wapagazi, kila mmoja na frasila zake mbili hivi. Na milimani reli haikupanda kamwe. Nikitazama kanisa lililokaa juu ya mgongo wa mlima, siwezi kulihukumu kwa michoro ya Ulaya, nikipima tao lake na matao ya Ufaransa na kulikuta pungufu. Hukumu ya haki huanza na mzigo. Huu ukuta ulipandishwaje hapa?

Swali hilo nililiuliza katika kijiji kimoja cha milimani, ambacho kanisa lake nililiandikia lile "alijenga" langu. Nilielekezwa kwa bibi mmoja mkongwe aliyekuwa akianika maharage.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

Nikamsomea ukurasa wa kijitabu. Akasikiliza hadi mwisho, kisha akauliza kwa upole kabisa: "Huyo Padre alikanyaga udongo?"

Nikasema sidhani.

"Baba yangu alikanyaga. Na shangazi zangu walibeba maji."

Nilishuka mlima nikiwa na aibu ya fundi aliyeona ufa katika ukuta alioulipua. Siku zile nilikuwa nikifikiri juu ya maandishi ya Kizimkazi, yaliyochongwa mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107. Yanataja jina la sheikh, lakini hayasemi kuwa alijenga msikiti. Yanasema aliamuru ujengwe. Aliyechonga jiwe lile alikuwa mkweli kuliko mimi kwa miaka mia tisa. Najua nitaambiwa kwamba ni desturi ya lugha, kwamba hata sisi tunasema Sayyid Barghash alijenga Beit al-Ajaib na hakuna anayemdhania aliparamia jukwaa na ndoo ya chokaa. Kweli. Ila desturi hiyo hutufaa zaidi pale aliyeamuru ana jina na aliyebeba hana, na sijapata kuiona ikitumika kinyume chake. Wala sisemi mchoro si kazi. Padre aliyekaa na rula usiku, mbali na kwao, akipiga hesabu za mzigo wa paa, amefanya kazi ya mtunzi. Lakini mtunzi wa shairi hutunga peke yake. Wa jengo hana uwezo huo.

Kijitabu kilipotaka kuchapwa tena niliomba nirekebishe. Nilibadili kila "alijenga" kuwa "alijengesha". Wenye kijitabu walinung'unika kwamba neno linawavunjia heshima mapadre, tukabishana, nikashinda. Nilijiona nimetenda jambo kubwa. Nikampelekea bibi nakala kwa mkono wa mjukuu wake, anayesoma mjini Morogoro, nikamwomba amsomee ukurasa wao.

Kijana alinipigia simu baada ya wiki moja. Bibi alisikiliza, alisema, akafurahi kwamba neno limetengenezwa. Kisha akamwambia arudie ukurasa tangu juu, taratibu, na alipofika mwisho akamuuliza: "Na jina la baba yangu ameliweka wapi?"