Upepo wa Kuitwa na Mikono ya Makasia: Vyombo vya Ged katika Bunilizi ya Ursula K. Le Guin

Miongoni mwetu wahakiki wa fasihi simulizi upo mtazamo uliokita mizizi kwamba neno linapotamkwa au kuimbwa huwa ni nguvu inayojitosheleza. Mtazamo huu ulipata mashiko zaidi baada ya Janheinz Jahn kuchapisha kitabu chake Muntu mnamo 1958 na kuifanya dhana ya Nommo, yaani nguvu ya neno, kuwa ufunguo wa kufungulia takriban kila kazi ya Kiafrika. Basi inapotokea bunilizi ya kifantasia ambamo chombo cha kuvumbulia bahari zisizojulikana huendeshwa kwa sauti ya nahodha wake, mhakiki wa mkondo huu hudhani amepata ushahidi kutoka ng'ambo. Makala haya yanadai kwamba ushahidi huo, ukisomwa kwa makini, unamgeuka.

Kazi tunazozirejelea ni A Wizard of Earthsea (1968) na The Farthest Shore (1972). Ulimwengu wa Earthsea ni funguvisiwa, na waganga wake huijua Lugha ya Kale ambamo kila kitu kina jina lake la kweli. (Tunasema "mganga" kwa kukosa neno mwafaka, "mchawi" lingemharibia Ged jina bure.) Mwenye kulijua jina la upepo aweza kuuita ukajaza tanga lake hata siku ya shwari. Lakini tangu awali mwandishi anauwekea uwezo huo mpaka: mvua iliyoitwa kisiwa kimoja yaweza kuwa ukame wa kisiwa kingine. Kwa hiyo upepo wa kuitwa ni mkopo, na mkopo hulipwa.

Sehemu iliyo na uzito mkubwa zaidi kwa hoja yetu ni ile ya Ged kukiwinda kivuli alichokifungulia njia mwenyewe kwa kiburi cha ujana. Chombo chake kinavunjika, anatupwa kwenye kijisiwa cha mchanga wanakoishi wazee wawili waliotelekezwa, na hapo analazimika kuunda chombo kingine kwa mabaki ya mbao. Mbao hazitoshi, wala hazioani. Kinachozishikamanisha ni maneno, na endapo uganga wake utalegea, chombo kitasambaratika na kumwacha majini. Hapa tuna chombo cha sauti kwa maana kamili ya neno, nacho ndicho chombo dhaifu kuliko vyote anavyosafiria. Nahodha wake hana nafasi ya kujisahau.

Si ajabu basi kwamba afikapo kwa watu, Ged hutafuta mashua ya kweli. Anaipata kwa mvuvi mzee, naye kwa malipo anamtibu mtoto wa jicho aliyekuwa akimpofusha. Mzee huyo anamwomba aipe mashua jina jipya, Lookfar, yaani mtazama mbali, na aichoree macho kwenye omo. Msomaji anayeujua mtepe wa Lamu, ambao nao ulichorwa macho, hatashangazwa na ombi hili. Kinachostahili kutiliwa mkazo ni asili ya mashua yenyewe. Imeundwa na fundi, ikatunzwa na mvuvi, ikabadilishwa kwa tiba. Ged angali anauita upepo, ila sasa upepo unakuta kitu cha kuusukuma. Aidha, mwandishi alikwisha kutuandaa: kabla ya hapo Ged aliishi jirani na Pechvarry, muunda mashua, akajifunza kwake kazi ya mbao na bahari. Wahakiki wengi humpita fundi huyu kana kwamba hakuandikwa. Na safari ya mwisho, kupita kisiwa cha Astowell hadi pasipo na ramani, inapokaribia kikomo, Ged anashusha mlingoti na kushika makasia. Kivuli anakiendea kwa nguvu za mgongo wake.

Si Le Guin peke yake aliyeliona jambo hili. Katika Kalevala, utenzi wa Wafini uliokusanywa na kupangwa na Elias Lönnrot (toleo la pili 1849), Väinämöinen anaunda chombo kwa kuimba, anapungukiwa na maneno matatu, na analazimika kuyatafuta hata tumboni mwa jitu Antero Vipunen. Baadaye, kwa safari ya kuitwaa Sampo, anaimba tena na kuwaleta chomboni vijana wa kiume, wasichana na wazee. Kila kundi linavuta makasia, chombo hakisogei. Anaposhika makasia Ilmarinen, mhunzi, ndipo kinapokwenda. Walioumbwa kwa wimbo hawakuweza kazi ya mwenye misuli.

Haya yanatuhusu kuliko inavyodhaniwa. Nyimbo za kazi za mabaharia wetu tumezifundisha mara nyingi kana kwamba wimbo ndio ulioivuta mashua hadi ufuoni. Wimbo ulipatanisha mikono ili ivute kwa pamoja. Tukisema ndio uliovuta, tunamfuta mvutaji, na pamoja naye jasho na ujira wake ambao pengine hakulipwa. Sifa ya namna hii haiinui fasihi simulizi. Inaitenga na watu walioitunga.

Kutokana na hayo hatudai kwamba sauti haina kazi. The Farthest Shore inaionyesha kazi hiyo kwa njia ya uchungu. Waganga wanasahau maneno yao na mashua ya Lookfar inaelea hovyo, Ged akiwa amejeruhiwa, hadi wanapookolewa na watu wanaoishi juu ya maboya katika bahari kuu. Usiku wa ngoma yao ya kiangazi, waimbaji wanaimba hadi karibu na mapambazuko, kisha wananyamaza. Wamesahau. Maboya hayazami, mawimbi ni yale yale, hakuna ubao unaoachana na mwenziwe. Wachezaji wanasimama tu, wasijue la kufanya na miili yao. Anayeumalizia wimbo ni Arren, kijana asiye na uganga wowote, tena mgeni aliyeokotwa majini.