Urahisi wa Nani? Kielezi "Easily" na Tafsiri Yake katika Kiswahili cha Nakuru

1. Utangulizi

Miongoni mwa maneno ya Kiingereza yanayodhaniwa kuwa hayana utata wowote katika tafsiri ni kielezi "easily". Mwanafunzi hufundishwa mapema kwamba maana yake ni "kwa urahisi", na mfasiri aliyekomaa aghalabu huendelea kuandika vivyo hivyo pasipo kulitilia neno hilo shaka. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mlingano huo ni wa haki katika maana moja tu kati ya nne za kielezi hicho. Katika hizo tatu nyingine huufifisha usemi, na pengine huligeuza onyo likawa sifa.

Mifano ya makala inahusu Nakuru na sehemu za kati za Bonde la Ufa, na uchaguzi huo una sababu. Reli ilifika Nakuru mwaka 1900, na mji uliokua kandokando yake ukawakusanya wasemaji wa Kikalenjin, Kigikuyu, Kimaasai, Dholuo, Ekegusii na lugha za Waluhya. Tangu hapo hadi ulipotangazwa kuwa jiji tarehe 1 Desemba 2021, Kiswahili kimekuwa lugha ya soko, ya karakana na ya gari la abiria, huku Kiingereza kikishika ofisi na darasa. Mfumo wa elimu wa 8-4-4, ulioanza mwaka 1985, ulikifanya Kiswahili kuwa somo la lazima lenye mtihani. Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu chake cha 7, ikakiweka sambamba na Kiingereza kuwa lugha rasmi. Kwa hiyo tafsiri si pambo tena: mkulima wa Molo au wa Njoro anapopewa maagizo ya dawa ya kunyunyizia viazi kwa Kiswahili, maneno hayo ndiyo anayoyategemea.

2. Maana nne katika neno moja

Kielezi "easily" hutumika kwanza kueleza namna ya kutenda: kijana alipanda hadi ukingo wa kasoko ya Menengai bila kuhema. Pili, hueleza mwelekeo wa kitu au wa mtu: kioo kuvunjika, maziwa kuganda, mtu kukasirika. Tatu, hueleza uwezekano: lori lililopita salama kwenye mteremko lingeweza vilevile kupinduka. Nne, hueleza kipimo: mkulima fulani anawashinda wenziwe waziwazi, au safari fulani si chini ya saa mbili.

Zipo njia nyingi za kuzitenga maana hizi, lakini iliyo nyepesi kuliko zote ni kuuliza swali moja: urahisi huo ni wa nani? Katika maana ya kwanza jibu ni dhahiri. Urahisi ni wa mtenda. Kijana ndiye aliyeona wepesi wa kupanda. Katika maana ya pili hapana mwenye urahisi. Kioo hakioni raha yoyote katika kuvunjika kwake, wala mwenye hasira haoni kwamba amefanya kazi nyepesi. Kinachosemwa ni kwamba sababu ndogo yatosha kulileta tokeo. Katika maana ya tatu urahisi hauko katika tendo hata kidogo, umo katika makadirio ya msemaji. Katika maana ya nne umo katika ulinganisho. Kiingereza kimeyaweka yote hayo katika kapu moja. Kiswahili hakikufanya hivyo, na mfasiri anayekilazimisha kufanya hivyo hukinyang'anya mali yake.

3. "Rahisi": neno lililotoka sokoni

Neno "rahisi" limetokana na Kiarabu, na katika lugha hiyo maana yake ya msingi ni kuwa na bei ndogo. Maana hiyo haijafa. Mnunuzi wa Nakuru anaposema kwamba nyanya ni rahisi leo, hasemi habari za ugumu wala wepesi wa kazi. Anasema habari za fedha. Kutoka bei ndogo neno lilipanuka likafikia kazi isiyo na gharama ya juhudi, na hapo ndipo tunapopata mtihani rahisi, njia rahisi na lugha rahisi. Maana zote mbili zina msingi mmoja: yupo mtu anayelipa, ama kwa mfuko wake ama kwa nguvu zake, na malipo yake ni madogo. "Rahisi" ni neno linalotazama mambo kutoka upande wa mwenye kunufaika.

Ndiyo maana "kwa urahisi" huifaa sana maana ya kwanza. Kijana alipanda kwa urahisi. Fundi aliifungua nati kwa urahisi. Umbo la pili, "kirahisi", lina rangi yake. Husemwa kwamba mtu amekubali kirahisi au ameuza shamba lake kirahisi, na ndani yake mna lawama, kana kwamba alistahili kusumbuka zaidi kabla ya kukubali. Neno hili likiwekwa juu ya mtu lawama huzidi, kwani mtu rahisi ni mtu asiye na thamani. Mfasiri anayetaka kusema kwamba afisa wa kilimo anaonekana na wakulima bila tabu, akaandika kwamba ni mtu rahisi, amemtukana mtu aliyekusudia kumsifu.

4. Wepesi na upesi

Kwa maana ya pili Kiswahili kina kivumishi kingine, nacho ni cha Kibantu: "-epesi". Asili yake ni uzito mdogo. Kutokana nacho tunapata wepesi na upesi, yaani uchache wa uzito na uchache wa muda. Kitu chepesi husukumwa na nguvu kidogo, na kikisukumwa huenda mara moja. Hiyo ndiyo maana ya pili ya "easily" kwa ukamilifu wake. Kwa hiyo Kiswahili husema kwamba mtu ni mwepesi wa hasira, mwepesi wa kusahau, mwepesi wa kulia. Kusema kwamba mtu huyo hukasirika kwa urahisi ni tafsiri sisisi. Sarufi yake haina kosa, lakini maana yake imepwaya.

Yafaa ikumbukwe kwamba njia hii si ngeni kwa wakazi wa Nakuru ambao lugha zao za kwanza si Kiswahili. Kivumishi cha Kigikuyu "-hũthũ" kinabeba wepesi wa mzigo na wepesi wa kazi pamoja. Neno la Dholuo "yot" hufanya vivyo hivyo. Msemaji wa mojawapo ya lugha hizo akijifunza "-epesi" hupata nyumba aliyokwisha kuizoea. Kwa hiyo si sahihi kudai, kama inavyodaiwa mara nyingi, kwamba watu wa bara hutumia "kwa urahisi" kila mahali kwa sababu ya athari ya lugha za mama. Athari iliyopo ni ya Kiingereza, nayo imepitia darasani.

Ushahidi wa namna wafasiri wa zamani walivyolitatua jambo hili umo katika Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952, inayojulikana kama Union Version. Hapa kitabu hicho kinatazamwa kama kazi ya tafsiri tu. Pale Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611 inapoieleza nira kwa kivumishi cha urahisi, katika Mathayo 11, Kiswahili kimechagua neno "laini". Pale inapoieleza dhambi kwa kielezi "easily", katika Waebrania 12, Kiswahili kimechagua neno la upesi. Na habari ya ngamia na tundu ya sindano, katika Mathayo 19, ambayo kweli ni habari ya jitihada, ndiyo iliyopewa neno "rahisi". Mawazo matatu yamepata maneno matatu. Wafasiri hao hawakuuliza ni neno gani liko sawa na neno gani. Waliuliza jambo gani linasemwa.

5. Kauli ya kutendeka

Njia nyingine ya Kiswahili haitaki kielezi kabisa. Katika sarufi yake ya mwaka 1944, E. O. Ashton alionyesha kwamba mnyambuliko wa "-ika" na "-eka" una kazi mbili: kueleza hali iliyokwisha kupatikana, na kueleza uwezekano wa kutendwa. Kikombe kimevunjika ni habari ya hali. Kikombe hiki huvunjika ni habari ya tabia. Kadhalika barabara hupitika, maandishi husomeka, chifu hufikika. Penye mnyambuliko huu, wazo la urahisi mara nyingi limo tayari ndani ya kitenzi.

Hata hivyo isidhaniwe kwamba kauli ya kutendeka huondoa haja ya kielezi kila mahali. Dawa inayopatikana si lazima iwe dawa inayopatikana kwa urahisi. Ya kwanza ipo, ya pili ipo karibu. Hapa mwenye urahisi yuko, naye ni mnunuzi, kwa hiyo "kwa urahisi" ni halali. Tofauti hukua zaidi katika ukanushi. Sahani isiyovunjika ni sahani ya ajabu. Sahani isiyovunjika ovyo ni sahani nzuri tu. Mtu asiyekasirika ni mmoja, na asiyekasirika ovyo ni mwingine.

Uzito wa tofauti hiyo unaonekana katika sura ya 13 ya Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, sura inayosomwa sana katika arusi. Katika aya ya 5 Kigiriki kina kitenzi kilichokanushwa, bila kielezi chochote. Biblia ya Kiingereza ya mwaka 1611 iliongeza "easily". Kwa neno hilo moja sharti limelegezwa: upendo uliokuwa haughadhibiki umekuwa upendo usioghadhibika upesi, na mlango mdogo wa ghadhabu ukaachwa wazi. Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952 haikuweka kielezi hapo. Mfasiri ambaye angeiandika upya aya hiyo kutoka Kiingereza, akaongeza "kwa urahisi" ili awe mwaminifu, angekuwa mwaminifu kwa nyongeza.

6. Onyo na sifa

Matokeo ya kuchanganya maana ya kwanza na ya pili si ya kitaaluma tu. Sentensi isemayo kwamba makaa fulani hushika moto kwa urahisi ni tangazo la biashara. Mama wa nyumbani akiisoma atataka kuyanunua. Sentensi isemayo kwamba petroli hushika moto kwa urahisi imejengwa kwa maneno yale yale, na msomaji anaachwa atambue mwenyewe kwamba safari hii anaonywa. Neno "rahisi", lenye harufu ya faida na bei nafuu, halimsaidii kutambua.

Tarehe 31 Januari 2009 lori la mafuta lilipinduka Sachangwan, karibu na Molo, katika barabara kuu itokayo Nakuru kwenda Eldoret. Watu walikusanyika kuchota petroli iliyomwagika, moto ukalipuka, na zaidi ya watu 100 wakafa. Ingekuwa ni upuuzi kusema kwamba tafsiri ndiyo iliyowaua. Petroli ya bure ni kishawishi kikubwa kwa maskini, na hapana kielezi kinachoshinda uhitaji. Lakini mahali kama hapo huonyesha kazi ambayo lugha ya onyo inatakiwa kuifanya. Onyo halina budi kutaja udogo wa sababu na wepesi wa tokeo: petroli hulipuka upesi, cheche moja yatosha. Maneno hayo hayana kisawe cha "easily" ndani yake, na bado ndiyo tafsiri yake iliyo bora.

7. Uwezekano na kipimo

Maana ya tatu na ya nne zaweza kuelezwa kwa ufupi. Anayeandika kwamba lori lingeweza kupinduka kwa urahisi amelifanya lori kuwa fundi wa kupinduka. Kiswahili kina "-ngali-", kina "huenda" na kina "si ajabu": lori lingaliweza kabisa kupinduka, si ajabu kama lingalipinduka. Neno "nusura" litumiwe kwa hadhari, kwa kuwa husema kwamba jambo lilikaribia kutokea, hali "easily" husema tu kwamba hapakuwa na kizuizi. Katika kipimo, "kwa mbali" hutosha kwa ushindani na "si chini ya" hutosha kwa hesabu. Yeyote aliyewahi kusoma kwamba mwanafunzi fulani ni bora kwa urahisi darasani anajua jinsi sentensi hiyo inavyomwacha msomaji njia panda.

8. Hitimisho

Yumkini itasemwa kwamba lugha ni mazoea, na kwamba "kwa urahisi" imekwisha kupanuka ikazimiliki maana zote nne. Hoja hiyo ina nguvu, na hapana msomi awezaye kuyapiga marufuku mazoea. Lakini ni mazoea ya nani? Mwuza nyanya wa Nakuru huonya kwamba hizi zitaoza haraka, hasemi kwamba zitaoza kwa urahisi. Utingo husema kwamba tairi hili litapasuka saa yoyote. Kiswahili chao, kinachodharauliwa kuwa ni cha bara, kimezitenga maana ambazo karatasi za ofisi zimezichanganya. Kupanuka kunakotokea mezani tu si ukuaji wa lugha.

Kamusi za lugha mbili, tangu ile ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 hadi ile ya Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya mwaka 1996, zimetufanyia kazi kubwa ya kukusanya visawe. Kinachohitajiwa sasa katika neno kama hili ni maelezo ya mazingira ya matumizi, kila maana na mfano wake, na mwalimu atakayemzoeza mwanafunzi kuuliza swali lake kabla ya kuandika. Wahenga walikwisha kuliona jambo hili waliposema kwamba mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Wepesi hauko katika mzigo peke yake. Hutegemea bega linaloubeba, na mfasiri hana budi kulitafuta bega hilo kwanza.